Kutoka Rongai hadi karamu ya Macbeth

Jumamosi nikadandia matatu 125 pale Rongai, muziki juu, Lang'ata Road imejaa magari kama kawaida, lakini sikuwa na haraka maana binamu yangu aliniambia mazoezi yao yanaanza saa nane na si unajua saa nane ya waigizaji. Nikashuka Railways, nikakata taoni kwa miguu, Moi Avenue, University Way, nikatokea Harry Thuku Road. Kenya National Theatre iko palepale ilipofunguliwa 1952, inatazamana na hoteli ya Norfolk.

Siku hiyo walikuwa wanafanya ile karamu ya Macbeth, tamthilia ya Shakespeare. Jamaa ameshatuma watu wamuue rafiki yake Banquo, wageni wako mezani, anakuja kukaa anasema meza imejaa, wanamwonyesha kiti kiko wazi hiki hapa, yeye peke yake ndiye anaona marehemu ameketi. Mzimu wao alikuwa kijana amepakwa unga usoni, na mezani sufuria ya pilau ya ukweli inatoa mvuke, harufu inatufikia mpaka nyuma.

Nikauliza mbona wote wamekaa upande mmoja kama picha ya harusi. Binamu akacheka, eti Leonardo da Vinci alifanya hivyohivyo kwenye mchoro wake wa Karamu ya Mwisho kule Milan, Yesu na wanafunzi wake wote wanatutazama, ukutani tangu miaka ya 1490, kwa sababu ukiweka mtu upande wa huku utaona kisogo tu. Halafu akanionyesha kwa simu kazi ya msanii Mmarekani Judy Chicago ya 1979, iko Brooklyn Museum kule New York, meza ya pembetatu, nafasi 39, kila moja ya mwanamke wa historia au wa hekaya, Hatshepsut yule farao wa Misri yumo, Sojourner Truth aliyepinga utumwa Marekani yumo, sahani zimepangwa na hakuna hata mtu mmoja ameketi. Hiyo ndiyo ilinishika kuliko zote. Chakula ni cha kukuita tu, ukishafika unatafuta nani hayupo.

Na pilau ndiyo iliharibu mambo, mwigizaji mmoja wa wale mabwana wa Scotland mezani alikuwa bado anatafuna wakati wa maneno yake, ikatoka sauti tu, mzimu akacheka unga ukamwagika. Mwelekezi akasema basi, kuanzia kesho sahani tupu. Waigizaji wakalalamika sana. Mimi nilikuwa upande wa mwelekezi, ingawa nilikuwa nishajipakulia.