Mgeni kaniuliza, nikabaki nameza mate

Jana natembeza wageni Mji Mkongwe. Tukafika Shangani, kwenye ile nyumba inayoitwa ya Freddie Mercury, yule mwimbaji wa bendi ya Queen (wapo wanaobisha, tuyaache), nikaanza hadithi yangu ya kila siku: kazaliwa Unguja 1946, jina lake Farrokh Bulsara, wazee wake Waparsi, watu wa dini ya kale ya Iran. Bibi mmoja akauliza, "Kitabu chao cha dini kinaitwaje?"

Jamani! Miaka yote hii mimi najua habari za moto wao wa ibada tu.

Usiku nikakesha nasoma. Kinaitwa Avesta. Moyo wake ni Gatha, tenzi 17 zinazonasibishwa na Zarathustra mwenyewe, nabii wao, nazo zimo ndani ya Yasna, sura 72 wanazozisoma makuhani kwenye ibada. Kilichonishika hasa ni kwamba kwa karne nyingi hazikuandikwa. Makuhani walizihifadhi kifuani, kizazi kwa kizazi, hadi enzi ya Wasasani huko Iran ndipo zikabuniwa herufi maalumu, za kulia kwenda kushoto. Sie tuliopita chuoni twajua kuhifadhi kulivyo kazi, na hapo msahafu upo mbele yako!

Sala yao ya Ashem Vohu ina maneno 12 tu. Nakala yake ya karne ya 9 hivi ilipatikana Dunhuang, China, sasa iko London. Nimejaribu kuikariri, neno la 5 ulimi ukagoma.

Bibi anaondoka Ijumaa. Nishamwachia ujumbe hotelini kwake.