Jezi nambari moja

Ukiwauliza watu fainali ya Kombe la Dunia la raga ya 2019, Afrika Kusini na Uingereza kule Yokohama, watakutajia Cheslin Kolbe alivyomwacha mtu amesimama akaenda kufunga. Mimi hurudia kipindi cha kwanza, kabla hata ya trai (mpira kuwekwa chini nyuma ya mstari wa wapinzani) kupatikana, na macho yangu huwa kwa mtu mmoja: Tendai Mtawarira wa Afrika Kusini, propu wa kushoto mwenye jezi nambari moja, yaani mmoja wa wale wa safu ya mbele kwenye skramu, pale timu mbili zinapoinama na kusukumana kugombea mpira, yule mashabiki wa Durban waliyekuwa wakimwita "Beast" kwa mngurumo mrefu kila akigusa mpira.

Wiki hii nimemrudia kwa sababu ya kijana mmoja. Sisi hapa Mombasa tumelelewa na raga ya wachezaji saba. Mashindano ya Driftwood yakifika Mombasa Sports Club, watu huja kuona mbio. Shujaa, timu ya Kenya ya wachezaji saba, walipoichapa Fiji 30-7 kule Singapore mwaka 2016, kila mtoto alitaka kuwa Collins Injera. Sasa huyu kijana wangu, mabega mapana, shingo nene, nilipomweka safu ya mbele aliniuliza, "Kocha, sasa mimi mpira nitaushika saa ngapi?" Alisema kama mtu aliyepewa adhabu, nami nilimwonea huruma kwelikweli.

Mtawarira naye hakuanzia huko. Alizaliwa Harare mwaka 1985, na alipofika Durban kwenye timu ya Sharks alikuwa akicheza nyuma ya skramu, miongoni mwa wale wanaobeba mpira na kukimbia. Kocha Dick Muir ndiye aliyemhamishia kwenye upropu. Kwangu mimi hapo ndipo ukubwa wake ulipoanza. Mtu mzima, mwenye nguvu zake na sifa zake, akakubali kuwa mwanafunzi upya: miguu uiweke wapi, mgongo unyooke vipi, bega liingie chini ya kifua cha mpinzani kabla yeye hajakuwahi. Mwaka 2008 akavaa jezi ya Springboks, timu ya taifa ya Afrika Kusini, dhidi ya Wales.

Mwaka uliofuata, Durban, mechi ya kwanza na British and Irish Lions, timu ya pamoja ya wachezaji wa Uingereza, Scotland, Wales na Ireland, alimsukuma propu wao Phil Vickery mpaka skramu ya Lions ikawa haina msimamo. Vickery alikuwa bingwa wa dunia wa 2003, si mtu wa kuchezewa. Siku hiyo ndiyo inayosimuliwa. Lakini mimi naithamini zaidi mechi ya pili, Pretoria, ambapo Lions walimwanzisha Adam Jones, na ile njia ya wiki iliyopita ikazibwa. Springboks walishinda 28-25, ila kwenye skramu Mtawarira hakutamba tena. Propu husomwa. Ukimshinda mtu leo, wiki ijayo wanakuletea mwingine aliyekutazama.

Baadaye uraia wake wa Afrika Kusini ulizua maneno hadi akaupata mwaka 2010. Moyo nao ulimsumbua mara kadhaa kwa mapigo kwenda mbio, akatibiwa, akarudi. Akaendelea hadi mechi 117 za kimataifa, na hakuna propu wa Springboks aliyekuwa amefikia idadi hiyo.

Kisha Yokohama, akiwa na miaka 34. Kyle Sinckler wa Uingereza aliumia mapema sana, Dan Cole akaingia, na hapo skramu ikawa mahali pa kuchuma penalti. Tazama Mtawarira anavyokaa chini, hana papara, anangoja uzito wa wenzake saba ufike, ndipo anapopanda. Refa anapuliza, Handré Pollard anapiga, alama tatu. Alitoka mapema kipindi cha pili, kazi ikiwa imeshafanyika. Trai za Makazole Mapimpi na Kolbe zilikuja baadaye, Uingereza wakiwa wamechoka kusukumwa, ikawa 32-12. Siku chache baadaye akastaafu timu ya taifa.

Kijana nimemwambia aje Jumamosi tutazame pamoja. Nitaanza na ile ya Pretoria. Fainali atafurahia mwenyewe bila msaada wangu, lakini nataka kwanza amwone mtu mkubwa akizuiwa, dakika baada ya dakika, na bado anainama tena skramu inayofuata.