Vipande vinane vya barafu, Amu mpaka Kizingitini

Simu ya shemeji ilinikuta Malindi saa tatu usiku, friza imekufa na samaki wanazidi kuingia, akaniambia shemeji nisaidie, panda basi la asubuhi uje Amu, yaani Lamu, umtafute fundi, ununue na barafu, mje navyo huku Kizingitini, kisiwa cha Pate. Nikakubali palepale maana kwa watu wa bahari friza kufa ni msiba, si jambo la kumwambia mtu ngoja kidogo.

Njia yenyewe sina mengi, Garsen, Minjila, Witu, vizuizi vya polisi, shuka na kitambulisho, panda tena, joto. Chupa ya maji niliyotoka nayo nyumbani ikiwa jiwe la barafu, tulipopita Witu ilikuwa ya kuogea mtoto. Mokowe nikapanda boti nikavuka, nikaenda kulala kwa shangazi Mkomani.

Nyumba ya shangazi ni ya zamani, kuta za mawe ya bahari na chokaa, nene vile hata mkono wangu hautoshi kupima, na kiwanda, yaani ua wa ndani, katikati kinachovuta upepo. Ukiingia kutoka nje unahisi kabisa ngozi inapumua. Nikaenda moja kwa moja kwenye friji, akanizuia, "nwa mai ya mtungi mwanangu, hayo ya friji yatakuumiza koo." Na maji ya mtungi yalikuwa baridi wallahi. Udongo unavuja kidogo kidogo, ule unyevu wa nje ukikauka unaondoka na joto la maji yaliyo ndani, ndo maana mtungi uliopakwa rangi haupozi. Karne ya 18 daktari mmoja wa Uskoti, William Cullen, aliweka etha, kimiminika kinachokauka upesi, kwenye chombo akavuta hewa, etha ikachemka bila moto ikabeba joto mpaka maji ya jirani yake yakaganda. Wanamhesabu kuwa wa kwanza kuonyesha baridi ya kutengenezwa. Mi naona alichofanya ni kuuharakisha mtungi, na bibi zetu walishajua nusu ya jambo.

Asubuhi nikanunua vipande vinane. Fundi, mzee wa makamo ninayemwita ami kwa heshima, alikuja na kompresa kwenye gunia, mtungi wa gesi na pampu yake, alafu akakataa kupanda mashua mpaka nirudi kwa maseremala kuomba unga wa mbao. Tukamwaga chini, tukapanga barafu zikibanana, tukamwaga juu tena, magunia, turubai. Nikaona tunachelewa kwa mambo ya uzee lakini ukweli ni kwamba unga wa mbao umeshabeba barafu mbali kuliko safari yetu. Mwaka 1833 Frederic Tudor wa Boston alipakia tani 180 za barafu iliyokatwa kwenye maziwa ya kwao, meli inaitwa Tuscany, miezi minne baharini, ikavuka ikweta mara mbili, na ilipofika Calcutta bado zilikuwepo kama tani 100. Huyo Tudor alianza 1806 na Martinique, akachekwa na watu wa mji wake, akafungwa kwa madeni, na hakuacha.

Miezi minne! Sisi ilikuwa masaa manne na yakatushinda kuwa manne. Ilikuwa bamvua, siku za maji kujaa na kupwa sana, tukakuta kwenye Mkanda, ule mlango mwembamba wa bahari kati ya Manda na bara, maji yamekupwa, mashua imebeba mzigo, nahodha akasema hapa hatupiti tungoje. Tukangoja karibu masaa mawili kwenye jua na mikoko, hakuna upepo, na chini ya turubai nasikia tone, tone, tone. Kila tone nilikuwa nalihesabu kama shilingi. Ami akaniambia usifunue, ukifunua unaikaribisha joto, na barafu haiishi haraka unavodhani. Na ni kweli, kilo moja ya barafu mpaka iyeyuke yote inameza joto sawa na la kupasha kilo moja ya maji kutoka sifuri mpaka digrii 80 hivi, na muda wote huo inayeyuka yenyewe imebaki palepale sifuri. Ndo sababu samaki anataka barafu, maji ya baridi tu hayamtoshi.

Hapo ndo nikamuuliza ami kuhusu gesi. Akasema friji haitengenezi baridi mwanangu, inabeba joto ndani ikalitupe nje, gesi ndo punda wake. Kompresa inaikandamiza inapata moto, inapoa kwenye mabomba ya nyuma inakuwa maji, ikipita kwenye tundu dogo inafumuka na kuvuta joto la ndani, inarudi tena. Mzunguko huohuo Jacob Perkins aliupatia hati London mwaka 1834, yeye akitumia etha. Ami alianza kazi na gesi ya R12, ile ambayo watu wakiita Freon, iliyoletwa kuondoa gesi za sumu zilizokuwa zikivuja na kuua watu majumbani kwao, baadae ikagundulika inatoboa tabaka la ozoni, Mkataba wa Montreal wa 1987 ukaanza kuifungia. Mtungi aliobeba siku hiyo ulikuwa R134a, haigusi ozoni lakini inazidisha joto la dunia, nayo inapunguzwa kwa makubaliano ya Kigali ya 2016. Kijana wake anafundishwa gesi nyingine, R600a, ambayo inashika moto, na hilo linamtia wasiwasi kweli, alirudia mara tatu kwamba hizo huwezi kuchomelea bomba ovyo.

Ninayemfikiria zaidi ni James Harrison wa Geelong, Australia, alikuwa na mashine yake ya barafu tangu miaka ya 1850, na mwaka 1873 akapakia nyama kwenye meli Norfolk kwenda Uingereza, ikaoza njiani, akafilisika. Miaka tisa baadae meli ya Dunedin ikatoka New Zealand na mashine ya baridi ndani, siku 98, nyama ikafika London nzima. Nikiwa pale Mkanda nilimwelewa Harrison sana.

Tukafika Kizingitini alasiri. Dalali alikuwa ameshakaa pwani na mzani wake, anajua friza imekufa, bei yake ilikuwa ya mtu anayejua hilo. Kina kaka walishaanza kupasua samaki wengine wawe ng'onda, wa kukausha. Tukafunua turubai, kingo zimelika na vipande viwili vimekuwa vyembamba kama sahani, vilivobaki tukavivunja kwa shoka, samaki safu, barafu safu, matumbo yamejazwa barafu pia. Shemeji hakumwangalia dalali hata mara moja.

Ami akachomelea, akavuta hewa yote kwenye mabomba kwa pampu, akajaza gesi akisikiliza kwa kidole, jenereta ikawashwa baada ya magharibi. Nikaweka kiganja nyuma ya friza. Pamoto. Dalali akauliza mtaniuzia saa ngapi, shemeji akamjibu njoo kesho.