Sindano Iliyosimama Hewani

Nilikuwa na miaka 11 siku nilipopewa ruhusa ya kuifungua redio yetu mbovu. Waya na vitufe havikunishughulisha. Nilichokitaka ni spika, kwa sababu nyuma yake kuna sumaku nyeusi ya duara, yenye tundu katikati, nzito kuliko inavyoonekana. Nilihangaika nayo karibu saa nzima, na ilipobanduka ilitoka na bisibisi yenyewe, imeing'ang'ania kama kupe.

Dada yangu alikuwa pembeni anashona kifungo cha shati. Sindano ikamponyoka, ikaanguka sakafuni. Nikaishusha sumaku polepole. Sindano ikatikisika, ikainua kichwa, kisha ta! ikaruka na kunata.

"Dada," nikasema, "hii sumaku ina nguvu kuliko Dunia."

Hakucheka. Alikuwa sekondari, na fizikia ndilo somo alilolipenda kuliko yote. Akaniuliza nimejuaje. Nikamwambia Dunia nzima ilikuwa inaivuta sindano chini, na sumaku inayoenea kiganjani mwangu imeinyang'anya.

"Haya, kaa tuhakikishe."

Akatunga uzi kwenye sindano, akaubana mwisho wake chini ya kitabu kizito mezani. Kisha akanishika mkono, akaniambia niilete sumaku kutoka juu bila kuigusa sindano. Sindano ikanyanyuka, uzi ukakaza, na hapo ikasimama. Ilikuwa hewani, ncha yake ikielekea sumaku, katikati hakuna kitu. Akapitisha karatasi kwenye ile nafasi, ikapita bila kugusa popote. Mpaka leo sijaona jambo la mezani lililonishtua vile. Nilikuwa naiona sindano imegombaniwa, na aliyekuwa chini alikuwa anashindwa.

"Sasa pandisha mkono. Kidogo kidogo."

Nikapandisha, pengine upana wa kidole kimoja. Sindano ikaanguka.

"Umeona? Umeshinda, lakini kwa kidole kimoja tu. Dunia inaushika Mwezi, na Mwezi uko kilomita 384,000 kutoka hapa."

Hilo lilinichoma. Nikasema basi sumaku ni dhaifu. Akatikisa kichwa: hapana, usigeuke haraka hivyo. Akaichukua sumaku ndogo iliyokuwa imebanduka kwenye mlango wa kabati, akaisogeza karibu na yangu. Upande mmoja zilivutana kwa kishindo. Akaigeuza ile ndogo, zikasukumana, na mkononi nilihisi kama kuna mto laini usioonekana katikati yake. Ncha za aina moja hukataana, za aina mbili hupendana. "Umewahi kuona Dunia ikikisukuma kitu juu badala ya kukivuta?" Sikuwahi. Mvutano, ile nguvu ambayo Dunia huvutia vitu kwake, una upande mmoja tu: unavuta.

Hapo ndipo siri ilipo, na yeye aliieleza vizuri kuliko wengi niliowasoma baadaye. Kila sumaku ina kaskazini na kusini. Ukisogea mbali, kaskazini inavuta, kusini inasukuma, zinakaribia kufutana. Ndiyo maana nguvu kati ya sumaku mbili ndogo hupungua mpaka moja ya kumi na sita ukiongeza umbali mara mbili, wakati mvutano hupungua mpaka robo tu. Na katika vitu vingi, usumaku wa chembe zake umeelekea huku na kule, ukafutana kabla hata haujatoka nje. Mvutano haufutwi na chochote. Kila punje ya mchanga, kila tone la bahari, linaongeza mchango wake upande uleule, hadi unapata Dunia yenye kilo zinazoandikwa 6 ikifuatiwa na sifuri 24. Lazima uwe na mlima wa vitu ndipo mvutano uonekane.

Akanionyesha na jingine. Sindano ikiwa hewani tena, alipitisha kifuniko cha kopo, kile cha bati, akikishika kwa nguvu kisinaswe. Sindano ikadondoka. Chuma kilikuwa kimeumeza usumaku. "Nitafutie na mimi kifuniko cha kuzibia mvutano," akasema. Kwa siku kadhaa nilikitafuta kweli. Nilisimama juu ya mbao, juu ya bati, juu ya godoro, nikiruka kuona kama nitachelewa kushuka.

Miaka mingi baadaye nilisoma habari za Henry Cavendish, aliyepima mwaka 1798 jinsi tufe za madini ya risasi zinavyovutana. Zile kubwa zilikuwa na takriban kilo 158 kila moja, na bado mvuto wake ulikuwa mdogo kiasi kwamba alikaa nje ya chumba akichungulia kwa darubini, joto la mwili wake lisije likaitikisa hewa. Kilo 158! Na mimi niliichukua sindano kwa kipande cha spika. Ukilinganisha chembe kwa chembe, kwa protoni mbili, zile chembe ndogo zilizo ndani ya atomu, nguvu ya umeme, ambayo ni ndugu wa damu wa usumaku, inauzidi mvutano kwa namba yenye sifuri 36. Kwa hiyo yule mtoto hakukosea kabisa. Alikosa tu kujua kwamba upande wa pili wa uzi kulikuwa na sayari nzima, na sayari nzima ndiyo iliyohitajika ili pawe na mashindano.

Jioni ile dada alimaliza kifungo chake, akataka kuirudisha sindano kwenye kikasha. Zile pini za kikashani zikairukia. Kushinda na sumaku siku nzima kulikuwa kumeifanya sindano nayo kuwa sumaku. Akaifunga uzi katikati, mahali inapojisawazisha, akaining'iniza mbele ya uso wangu na kuniambia nisipumue.

Ilizunguka, ikasita, ikarudi, ikatulia. Uzi ulinyooka wima kuelekea chini. Sindano ililala imeelekea kaskazini.