Nilivyoficha Jina Langu Ili Nihukumiwe kwa Haki

Kwa miaka mitatu nilikiandikia vichekesho kikundi kidogo cha maigizo cha Waswahili tunaoishi Oxford, na kwa miaka yote hiyo wenzangu walicheka. Kwa kuwa mimi ndiye mkubwa wao kwa umri, nilianza kushuku kwamba walikuwa wakizistahi mvi zangu tu.

Dawa niliipata katika maisha ya Ronnie Barker, mwandishi na mwigizaji wa vichekesho aliyekulia mji huuhuu na kuwa karani wa benki kabla ya kupanda jukwaani mwaka 1948. Alipokuwa tayari anafahamika katika vipindi vya televisheni vya mtangazaji Mwingereza David Frost, Barker alianza kupeleka vichekesho kwa jina la Gerald Wiley, kwa sababu hakutaka kazi yake ipokelewe kwa kuwa tu ni yake. Mwigizaji mwenzake Ronnie Corbett alipotaka kununua kimoja alitajiwa pauni 3,000, akaona ni ghali mno, asijue kwamba mwenye mali anakaa naye mazoezini kila siku. Mwishowe Barker aliwaalika wenzake katika mkahawa wa Kichina, akasimama na kukiri kuwa Wiley ni yeye.

Basi nami nikafungua anwani mpya ya barua pepe kwa jina la kubuni. Kichekesho cha kwanza kilikuwa tafsiri ya kile cha Barker cha mwaka 1976, ambamo mteja anaomba fork handles, yaani mipini ya uma wa bustani, na mwenye duka anampa mishumaa minne kwa kuwa amesikia four candles. Kwa Kiswahili kilinifia mikononi, maana mipini na mishumaa havifanani hata kidogo kwa sauti. Kijana mmoja alikisoma mbele yetu, akakiweka chini na kusema, “Mwandishi huyu anatuchosha.” Niliinamia kikombe changu cha chai. Kusema kweli iliniuma, ingawa ndiyo niliyoitafuta.

Cha pili nilikijenga juu ya lugha yetu wenyewe, kama tunavyoisema Mombasa. Mteja anauliza, “Una nyanya?” Muuzaji, akidhani anaulizwa habari za bibi yake, anajibu, “Ninaye, lakini amelala.” Mteja anakunja uso: “Zilizolala sizitaki, nataka za leo.” Nilikiandika upya mara saba, nikikata kila sentensi iliyomweleza msikilizaji kitu ambacho sarufi ilikuwa imekwisha kumwambia. Safari hii walicheka kabla msomaji hajamaliza, na yule kijana akauliza kama mwandishi huyo anaweza kualikwa mazoezini.

Nilipowaambia kwamba amekwisha kufika, kimya kilitanda. Kisha kijana akainuka, akaniamkia shikamoo kwa mara ya pili jioni ile.