Huyu mama kamuua nani?

Tumsifu Yesu Kristo, wapendwa.

Wiki hii kusali kumenishinda, na chanzo ni kanisa lenyewe. Mama mmoja wa kigango chetu, huku upande wa Ndanda, mkoani Mtwara, alifukuzwa na mumewe usiku baada ya hela za korosho kuingia. Akaja na watoto, wakalala kwenye baraza ya kanisa, khanga moja chini, nyingine wamejifunika. Kulipokucha kikao kikaitwa na maneno yakaanza: nani kampa ruhusa? Wengine wakataka afunguliwe chumba cha katekista, wengine wakasema kanisa litageuka gesti. Kelele zikafika barabarani, na mama anasikia yote.

Najua mtu atanikumbusha Joabu, jemadari wa Mfalme Daudi: alizishika pembe za madhabahu kutafuta hifadhi, akauawa palepale. Ni kweli, lakini Torati ilishasema mwuaji wa kusudi aondolewe hata madhabahuni. Sasa naomba wanijibu wale waliopiga meza: huyu mama kamuua nani? Zaburi ya 84 inasema shomoro amepata nyumba kwenye madhabahu ya Bwana, na sijasoma popote kwamba shomoro aliitiwa kikao.

Wazee wa huku wanakumbuka habari za mwaka 1905, Vita vya Maji Maji dhidi ya Wajerumani, misheni za Lukuledi na Nyangao zilipochomwa moto. Kwa Wabenediktini, watawa walioziendesha, zile zilikuwa nyumba za Mungu. Kwa mtu aliyechoshwa na kodi na pamba ya kulazimishwa, zilikuwa nyumba za Wazungu walewale. Siutetei moto ule. Ila aliye nje halijui kanisa kwa katekisimu, analijua kwa alivyopokelewa mlangoni. Misheni ya Ndanda ilianzishwa mwaka uliofuata, na leo hospitali yake inatibu wajukuu wa pande zote mbili, Wakristo kwa Waislamu.

Jamani, tunachangishana bati na saruji kila mavuno. Tunamjengea nani? Ekaristi tunaiwekea taa usiku kucha, halafu watoto aliowafia Kristo tunawaacha wang'atwe na mbu hatua chache kutoka tabernakulo inamotunzwa Ekaristi hiyo! Anayeona uchungu kwa maneno haya na auone, mimi pia nimeuona.

Mama kwa sasa yuko kwa mwenzake wa WAWATA, chama cha wanawake Wakatoliki. Unga upo, sukari imeisha, mdogo anakohoa. Mwenye chochote apeleke kabla ya Jumamosi. Nanyi kina baba wa jumuiya, mume wake tunamfahamu sote. Ijumaa jioni twendeni tukakae naye.