Misa ya Haydn ya Wakati wa Dhiki

Mwaka 1798 Joseph Haydn, mtunzi wa muziki wa Austria, akiwa na umri wa miaka 66, alitunga misa, yaani muziki wa kuimbia ibada ya Misa, aliyoiita Missa in Angustiis, yaani Misa ya Wakati wa Dhiki. Kwa kuwa mwajiri wake, kabaila Nikolaus II Esterházy, alikuwa amewaachisha kazi wapuliza zumari na wenzao, Haydn alibaki na vyombo vya nyuzi, tarumbeta tatu, ngoma na kinanda. Na kwa maoni yangu upungufu huo ndio ulioipa misa ukali wake.

Sikiliza “Bwana, utuhurumie” inavyoanza: si ombi la upole, bali ni kilio kinachosukumwa na tarumbeta. Hata hivyo, ninayoirudia zaidi ni sehemu ya “Mbarikiwa”, ambayo watunzi wengi huifanya tulivu, lakini hapa inajengeka polepole hadi tarumbeta na ngoma zinapovamia ghafla, kana kwamba anayekuja kwa jina la Bwana anakuja na jeshi.

Jina la Nelson, yule amiri wa Uingereza, liliambatanishwa nayo baadaye. Mimi hupendelea lile la dhiki.